Chumba cha Manjano: fumbo la mahali au la wakati?

Gaston Leroux (1868–1927) tunamjua hasa kwa Le Fantôme de l'Opéra. Kwangu mimi kazi yake kubwa ni ile iliyotangulia, Le Mystère de la chambre jaune, iliyotoka kwa sehemu katika gazeti la L'Illustration mwaka 1907, kisha ikawa kitabu mwaka 1908. Ni riwaya ya upelelezi, na wengi wetu huihesabu aina hiyo kuwa ya kupotezea muda safarini. Mimi naona ingefaa kusomwa darasani, tena katika somo la nyakati za kitenzi. Ili kueleza kwa nini, nitafichua nusu ya siri yake.

Ni usiku wa manane. Mathilde Stangerson amejifungia chumbani. Mlango ni mmoja, umekomewa kwa ndani. Dirisha ni moja, lina vyuma. Upande wa pili wa mlango, katika maabara, wapo baba yake na mtumishi mzee. Ghafla wanamsikia akiomba msaada, na bastola inalia. Wanapovunja mlango, wanamkuta sakafuni na jeraha kichwani na alama za vidole shingoni. Ukutani kuna alama ya mkono wenye damu. Mshambuliaji hayupo.

Wafaransa huita fumbo la namna hii chambre close. Ukisema tu «chumba kilichofungwa», msomaji wa Kiswahili atauliza: kimefungwa na nani? Fumbo linaanza pale unaposema «amejifungia». Silabi moja, -ji-, ndiyo inayomfanya mshambuliaji awe kitu kisichowezekana.

Baadhi ya waliomtangulia Leroux walitafuta tundu. Kwa Edgar Allan Poe, mwaka 1841, dirisha lilionekana limepigiliwa msumari, kumbe msumari ulikuwa umevunjika ndani. Kwa Conan Doyle, nyoka alipitia tundu la hewa. Chumba chao hakikufungwa kweli. Cha Leroux kimefungwa kabisa, na Rouletabille, mwandishi wa habari mwenye umri wa miaka 18, anaacha kupapasa kuta na kuanza kuuliza kuhusu saa.

Jibu lake ni hili: Mathilde alishambuliwa saa kadhaa kabla, wakati chumba kilikuwa wazi. Alimjeruhi mtu yule mkononi kwa bastola, naye akatoroka. Kwa sababu ya jambo la zamani katika maisha yake, Mathilde hakumwambia mtu, akaficha alama, akajifungia akalale. Usiku akaota shambulio lile lile, akapiga kelele, bastola ikalia, akaanguka na kugonga kichwa kwenye kona ya meza. Mlango ulipokomewa, ndani palikuwa na mtu mmoja tu.

Angalia sasa ushahidi wa wale wawili. Walisikia kelele, kweli. Walisikia bastola, kweli. Hakuna aliyedanganya. Kosa lao ni -ki-: «alipiga kelele akishambuliwa». Ukweli ulikuwa -mesha-: «alipiga kelele akiwa ameshashambuliwa». Ndiyo maana natamani kuona tafsiri ya Kiswahili, ingawa ingekuwa kazi ngumu: mfasiri atakayeandika -ki- mapema mno atakuwa amesema uongo yeye mwenyewe, na atakayeandika -mesha- atakuwa ametoa siri. Atabaki na -li- na -ka-, matukio yakifuatana bila kuelezwa yanahusianaje.

Sisemi kitabu hakina kasoro. Katikati kinarefuka, kama riwaya nyingi za magazetini, na wahusika huzungumza kama mawakili. Si ajabu, Leroux alisomea sheria na kuripoti kesi za mahakamani kwa gazeti la Le Matin. Hata hivyo John Dickson Carr, bingwa wa vyumba vilivyofungwa, alimfanya mpelelezi wake akisifu kuliko vyote katika The Hollow Man, mwaka 1935. Na Paul Halter, Mfaransa aliyezaliwa Haguenau mwaka 1956, bado aliingia katika uandishi kwa mlango huo huo, na La Quatrième Porte, mwaka 1987.

Ni nani aliyemshambulia Mathilde, hilo sikulitaja, na jibu lake linashangaza kuliko lile la chumba.