NDEGE MWEUPE NA NGOMBE

Katika bonde la Ruzizi, kila pahali ngombe wanakula majani, ndege weupe wanawafuata. Ni yangeyange, wa jamaa ya korongo. Watu mingi wanasema: «Anasafisha ngombe, iko anakula kupe.» Kweli kupe anaokota, lakini kidogo tu. Chakula chake kikubwa ni panzi. Ngombe akitembea, panzi wanaruka toka majani, na ndege anawakamata bila kuchoka. Ngombe hapotezi kitu.

Basi, wanafunzi wenzangu, tukumbuke mambo mawili. Tusiache kuogesha ngombe na dawa juu ya kutumainia ndege: homa ya kupe inaua ndama. Tena tusimtupie ndege mawe. Panzi anaokula wangemaliza majani ya ngombe wetu.