KILIMO CHA KAHAWA SAUDI ARABIA
Katika milima ya Jazan, kusini-magharibi mwa Saudi Arabia, watu wa kabila la Khawlan wamepanda mibuni juu ya matuta tangu zamani za mababu. Mbuni huchukua miaka mitatu au zaidi kabla ya kuzaa, na maji ni haba. Kwa hiyo mazao yalikuwa yapata tani 300 tu kwa mwaka. Mwaka 2022 hazina ya serikali iliunda kampuni ya kahawa, ikikusudia kufikisha tani 2,500. Mwaka huo huo UNESCO iliutambua ustadi wa wakulima hao.

Kahawa ya huko hukaangwa kidogo, hutiwa iliki, na hunywewa kwa tende. Mgeni aliyetosheka huitikisa finjani yake asiongezewe. Wanywaji ni wengi. Basi mkulima atakayefaidi ni yule atunzaye matuta yake na kuyahifadhi maji ya mvua.