Bei ya Dukani Haifiki Kamembe

Pikipiki mpya inayouzwa Kigali imeshasafiri mbali kuliko wengi wa watakaoipanda. Kama ni TVS, asili yake ni Hosur, kusini mwa India. Kama ni Boxer ya Bajaj, imetoka jimbo la Maharashtra. Inavuka bahari hadi bandari ya Dar es Salaam au Mombasa, inapakiwa kwenye lori, inapita forodha, kisha inashushwa kwenye ghala la muuzaji. Bei anayotajiwa kijana wa Rusizi, wilaya ya kusini-magharibi mwa Rwanda, anapopiga simu kuulizia inaishia hapo, mlangoni mwa duka. Kutoka mlango huo mpaka siku atakapopakia abiria wa kwanza kwenye parikingi ya mji wa Kamembe, kuna malipo mengine ambayo muuzaji hayataji kwa sababu hayamhusu.

Huko India zinakotengenezwa, wauzaji wamezoea kumpa mteja bei mbili: ya dukani, na ya chombo kikiwa barabarani, yaani pamoja na usajili, kodi ya barabara na bima. Mnunuzi wa Pune anajua kabla ya kufungua pochi kwamba bei ya pili ndiyo yake. Mnunuzi wa Gihundwe, Mururu au Bugarama, huko Rusizi, hana wa kumpigia hesabu hiyo. Inabidi akae na kalamu aipige mwenyewe.

Tuchukue mfano wa pikipiki ya sisi 125, zile zinazopendwa na wamotari, yaani waendesha pikipiki za teksi, kwa sababu hazinywi mafuta sana na vipuri vyake vinapatikana hadi kwenye vibanda vya pembeni. Tuseme muuzaji anataka faranga 1,800,000. Bei hubadilika kila mara, kwa hiyo namba hii ni ya kufanyia hesabu tu. Kwanza kabisa, si fedha zote zinazobaki kwa muuzaji. Ikiwa bei hiyo imejumuisha TVA, kodi ya ongezeko la thamani, ya asilimia 18, basi faranga 274,576 ni za serikali. Juu ya gharama za bandari na barabara kuna ushuru wa forodha wa Jumuiya ya Afrika Mashariki, na Rwanda inaongeza tozo ya maendeleo ya miundombinu ya asilimia 1.5 pamoja na ile ya Umoja wa Afrika ya asilimia 0.2. Hizo zimeshamezwa ndani ya bei, na mnunuzi hana namna ya kuzikwepa.

Ipo moja ambayo anaweza kurudishiwa sehemu yake, nayo ni TVA. Tangu 2024 mamlaka ya mapato, RRA, humrudishia mtumiaji wa mwisho asilimia 10 ya TVA iliyoandikwa kwenye risiti ya mashine ya EBM, mradi namba yake ya simu imeingizwa kwenye risiti hiyo. Kwa mfano wetu ni zaidi ya faranga 27,000. Anayekubali kupunguziwa kidogo ili auziwe bila risiti anazipoteza hizo, na zaidi ya hapo anabaki bila karatasi ya kuonyesha chombo amekipata wapi. Kwa mtu anayeingia kwenye kazi ya teksi, karatasi hiyo ina thamani kuliko punguzo lolote.

Halafu kuna plaki ya namba na kadi ya njano ya usajili, vyote vikipitia RRA. Huu ni wakati wa kuinama na kuangalia kwa makini. Namba ya chesesi imegongwa kwenye shingo ya fremu, chini kidogo ya usukani, na namba ya injini iko ubavuni mwa injini yenyewe. Herufi moja ikikosewa kwenye kadi, mwenye pikipiki ataanza safari za kurekebisha, na ofisi anayohitaji inaweza kuwa Kigali. Kwa anayenunua mkononi ukaguzi huo ni wa lazima zaidi. Faini za barabarani hufuata plaki. Mtu akilipa bila kuangalia deni, amenunua pikipiki pamoja na makosa ya mwenzake. Na kama umiliki haujahamishwa rasmi, pikipiki bado ni ya yule aliyeuza, hata ikiwa inalala sebuleni kwa mnunuzi.

Umbali wa Rusizi nao ni gharama. Kutoka Kigali kupitia Huye na Nyamagabe ni zaidi ya kilomita 200, na sehemu kubwa ya mwisho ni ndani ya msitu wa Nyungwe, kona juu ya kona, ukungu na mvua isiyo na msimu maalumu. Wako wanaoamua kuiendesha wenyewe ili kuokoa nauli ya lori. Inawezekana, ila injini mpya haitaki kusukumwa: watengenezaji huelekeza iendeshwe polepole katika mamia ya kilomita za mwanzo, na milima ya Nyungwe haimwachii mtu nafasi ya kwenda hivyo. Anayeipakia kwenye lori aweke nauli hiyo kwenye hesabu tangu mwanzo, pamoja na siku atakazolala Kigali akisubiri plaki. Kilomita hizo hurudi tena kila kipuri fulani kinapokosekana Kamembe na kuagizwa kutoka huko.

Sasa bima, mahali ambapo hesabu nyingi huvunjikia. Sheria ya Rwanda hairuhusu chombo chenye injini kutembea barabarani bila bima ya madhara kwa watu wengine. Kwa pikipiki ya teksi malipo ya mwaka yalishavuka faranga laki moja miaka kadhaa iliyopita, na kilio chake si cha siri. Tarehe 13 Januari 2022 wamotari wa Kigali waliegesha pikipiki na kuandamana. Walikuwa wanalalamikia mita za nauli walizolazimishwa kutumia, lakini gharama ya bima na wingi wa faini vilikuwemo kwenye madai yao. Kampuni za bima zina hoja: pikipiki za teksi hupata ajali nyingi na fidia ni kubwa. Hoja hiyo ina ukweli. Hata hivyo anayeubeba mzigo ni mtu ambaye mapato yake ya siku yanahesabika kwa noti chache, na analipa kiwango kile kile awe ameendesha mwaka mzima bila mkwaruzo au la.

Kwa hiyo kishawishi cha kukata bima ya matumizi binafsi, iliyo nafuu, huku mtu akibeba abiria wa kulipa, ni kikubwa. Siku ya ajali ndipo hujulikana ni nini hasa kilinunuliwa. Tena kwa wakazi wa Rusizi kuna jambo lisilomsumbua mtu wa wilaya ya ndani kama Rwamagana: mpaka. Bima ya ndani haivuki daraja la Rusizi. Anayetaka kuingia Bukavu, upande wa Kongo, na pikipiki yake anahitaji bima ya kuvuka mipaka, kadi ya njano ya COMESA, ambayo ni kitu tofauti kabisa na kadi ya njano ya usajili, na inalipiwa peke yake.

Mtu naye ana gharama zake mbali na chombo. Perimi, yaani leseni ya udereva, ya daraja A ina masomo, mitihani na malipo yake. Kadi yenyewe imekuwa ikilipiwa faranga 50,000 kupitia Irembo, tovuti ya huduma za serikali. Kisha kuna kibali cha kubeba abiria cha mamlaka ya udhibiti, RURA, kiingilio cha ushirika wa wamotari, jile (kizibao cha kazi), na kofia ngumu mbili, ya dereva na ya abiria, kwa kuwa Rwanda haina mzaha na kichwa kilicho wazi. Kofia ndicho kitu ambacho watu hukibania zaidi, na hapo wanakosea. Ile ambayo povu lake limeshabonyea au mkanda wake umekatika na kufungwa fundo inamridhisha polisi kwa mbali tu, lami haiidanganyi. Kuanzia Agosti 2025 umeongezwa ukaguzi wa moshi, ambao kwa pikipiki umewekewa ada ya faranga elfu 16 na ushei.

Yote hayo yanadai fedha taslimu. Wengi hawana, kwa hiyo wanaelekea Umurenge SACCO au benki, na mfuko wa BDF unaweza kudhamini hadi asilimia 75 ya mkopo wa kijana au mwanamke asiye na dhamana ya kutosha. Ni msaada mkubwa, lakini dhamana haifuti riba.

Turudi kwenye mfano. Kijana ana faranga 600,000, anakopa 1,200,000 kwa miezi 18, riba asilimia 2 kwa mwezi. Swali la kumuuliza afisa mikopo ni moja: riba hiyo inapigwa juu ya nini? Ikipigwa kila mwezi juu ya mkopo wote wa mwanzo, hata baada ya nusu yake kulipwa, jumla ya riba inafika 432,000. Ikipigwa juu ya salio, na mtaji ukilipwa kwa mafungu sawa, ni 228,000. Asilimia ni ile ile, karatasi zinafanana, na tofauti ni faranga 204,000. Fedha hizo zingelipa bima. Bado kuna ada ya kufungua faili na pengine bima ya mkopo wenyewe, ambazo hukatwa mapema, kiasi kwamba aliyeidhinishiwa 1,200,000 huenda asizishike zote.

Ndiyo maana vijana wengi hawanunui. Wanaendesha pikipiki ya mtu mwingine na kuverisa kila jioni, yaani kumkabidhi mwenye chombo kiasi walichokubaliana. Tukisema ni faranga 5,000 kwa siku, siku 26 za kazi, mwenye chombo anapokea 130,000 kwa mwezi, na 1,560,000 kwa mwaka. Ukiiangalia namba hiyo harakaharaka, utasema huyu kijana angeshanunua yake. Lakini mwenye pikipiki ndiye mara nyingi anayelipa bima, anayebadilisha injini ikifa, na ndiye mwenye hasara ikiibwa. Anayeverisa akiugua wiki nzima, anapoteza mapato ya wiki hiyo. Mwenye mkopo akiugua wiki nzima, anapoteza mapato na rejesho linamsubiri palepale. Kuverisa kunamnyima mtu mali lakini kunamkinga na misukosuko fulani, na mtu asidanganywe kuwa ni ujinga.

Akishakuwa na chake, gharama hubadilika sura tu. Pikipiki ya sisi 125 huenda takriban kilomita 50 kwa lita. Anayezunguka kilomita 100 kwa siku anachoma lita mbili. RURA hupitia bei ya mafuta kila baada ya miezi miwili, na Oktoba 2023 lita ya petroli ilipanda kutoka faranga 1,639 hadi 1,882, kabla ya kurudi pale pale Desemba. Kwa lita mbili ni faranga 486 zaidi kila siku, au 12,636 kwa siku 26. Kwa mwendo huo huo wa kilomita 2,600 kwa mwezi, oili ya injini inabadilishwa karibu kila mwezi, na breki za nyuma hazidumu kwenye miteremko ya kushuka ziwani Kivu. Barabara za vumbi za Nkungu na Butare, hizo za ndani ya Rusizi, ambazo masika huwa tope, hula cheni na meno yake haraka. Skuta yenye magurudumu madogo, hata ikiwa ya bei nafuu, haifai huko. Kamera ya barabarani, ile ambayo Wanyarwanda wameibatiza Sofia, imekuwa ikitoza faranga 25,000 kwa mwendo kasi: sawa na kuverisa kwa siku tano.

Ng'ambo ya mto Rusizi kuna njia ya mkato inayoonekana wazi. Bukavu imejaa pikipiki, nyingine hazina plaki yoyote, na bei yake huonekana ya kupendeza. Kongo iliingia Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2022, lakini hilo halijaondoa forodha darajani. Pikipiki isiyotangazwa na kulipiwa haipati plaki ya Rwanda, na bila plaki hakuna bima wala kibali cha RURA. Polisi wakiikamata, fedha yote imekwenda.

Mapato nayo yanategemea mpaka huo huo. Burundi ilifunga mipaka yake na Rwanda Januari 2024, na njia ya mpaka wa Ruhwa, iliyokuwa ikiwapa wamotari wa Bugarama abiria na mizigo, ikakatika mara moja. Februari 2025 Bukavu ikaingia mikononi mwa waasi wa M23, biashara ya kuvuka daraja ikayumba. Aliyekopa kwa kukadiria abiria wa siku za kawaida aliendelea kudaiwa kiasi kile kile.

Umeme umeongeza hesabu nyingine. Tangu Aprili 2021 serikali imeziondolea pikipiki za umeme kodi kadhaa, na kuanzia Januari 2025 pikipiki mpya za teksi zinazosajiliwa Kigali zinatakiwa kuwa za umeme. Rusizi haimo kwenye amri hiyo. Lakini anayenunua ya petroli leo kwa mkopo wa miezi 18 anapaswa kufikiria pia atamuuzia nani baada ya miaka minne. Anayevutiwa na ya umeme aulize kwanza kituo cha kubadilisha betri kilicho karibu naye kiko wapi, na je, bei aliyotajiwa ina betri ndani yake au betri ni ya kampuni na atailipia kila anapobadilisha.

Wanaoweza kurahisisha mambo haya ni maafisa mikopo wa SACCO. Leo mwombaji huleta ankara ya dukani, na mkopo unapimwa kwa ankara hiyo. Angetakiwa kuleta karatasi moja yenye bei, usajili, nauli ya lori, bima ya mwaka, perimi, kibali, ushirika na kofia mbili, afisa angeona mara moja kwamba 1,200,000 alizoomba, pamoja na 600,000 zake, zinaishia kwenye bei ya duka na kuiacha pikipiki imesimama uani, ikisubiri fedha ya bima.