Ukoko wa Mawe na Reli ya Mwaka 1973

Ukitoka Vwawa kwenda Tunduma, mkoani Songwe, yatazame mawe yaliyo kando ya mashamba ya kahawa. Mengi yana mabaka: ya kijivu, meupe, mengine rangi ya chungwa. Wengi hudhani jiwe limechujuka. Kumbe yale mabaka ni hai. Wataalamu huyaita kuvumwani, yaani kuvu na mwani wanaoishi katika mwili mmoja. Kuvu hushika jiwe na kutunza unyevu. Mwani, akipata mwanga, hutengeneza sukari inayowalisha wote wawili. (Mkulima wa kahawa anayeikuta kwenye shina asihangaike kuikwangua. Hainyonyi mti, imepanga tu.)

Kuna kuvumwani zinazoning'inia mitini na kuna zenye umbo la majani. Ninayoizungumzia hapa ni ile iliyogandia jiwe kama ukoko kwenye sufuria: nyuzi za kuvu zimepenya katikati ya punje za mwamba, na ukitaka kuibandua itabidi ung'oe na jiwe lenyewe. Kwa kuwa imelala bapa, upepo hauipati. Jua likizidi, hukauka kabisa, shughuli zote mwilini zikasimama. Umande ukishuka, huamka. Ndiyo maana hutamalaki milima ya jangwa na vilele vya baridi, mahali ambapo hata nyasi zimeshindwa.

Inayojulikana zaidi ni Rhizocarpon geographicum, ya kijani-njano yenye mipaka myeusi. Mwaka 2005 Shirika la Anga la Ulaya liliipeleka angani, likaiacha wazi nje kwa takriban wiki mbili bila hewa, ikipigwa na mionzi ya jua, na iliporudi ilikuwa bado hai. Usitarajie kuikuta Mbozi, wilaya ilimo Vwawa, ambako ni chini mno na kuna joto. Lakini kundi lake lipo juu ya Mlima Kenya, na utafiti kuhusu ukuaji wake huko ulichapishwa mwaka 1988.

Ukuaji huo ndio unaonivutia. Baka hutanuka polepole mno, kwa kawaida chini ya milimita 1 kwa mwaka. Mtaalamu wa mimea wa Austria, Roland Beschel, alitumia jambo hilo mwaka 1950 kukadiria umri wa mawe yaliyoachwa na barafu ya milimani ilipokuwa ikirudi nyuma. Unapima baka kubwa kuliko yote, unaligawa kwa kasi ya ukuaji, unapata miaka tangu jiwe lilipoanza kuona jua. Si umri wa mwamba! Miamba ya Mbozi ina takriban miaka bilioni 2, na baka lililo juu yake huenda halijafikisha hata mia.

Ugumu uko kwenye kasi. Ya milima ya Alps, Ulaya, haifai Songwe, kwa sababu mvua ni nyingine, joto ni jingine na spishi ni nyingine. Kila mahali panahitaji kipimo chake, na kipimo hupatikana kwenye jiwe ambalo tarehe yake ya kuchongwa inajulikana. Hapo Songwe ina bahati. Mafundi wa TAZARA, reli ya Tanzania na Zambia, waliifikisha Tunduma mwaka 1973, na kila mwamba waliouchonga kupitisha njia ulianza upya siku ulipochongwa, mtupu. Baka kubwa kuliko yote lililo pale leo haliwezi kuwa na umri unaozidi miaka iliyopita tangu mwamba uchongwe. Ukigawa upana wake kwa miaka hiyo unapata kasi ya hapa, kisha unaweza kwenda kwenye maporomoko ya mawe ya wilaya ya Ileje yasiyo na kumbukumbu ya maandishi ukauliza yalianguka lini.

Ila mwamba ulinganishwe na mwamba. Zege la madaraja lina chokaa, na chokaa huvutia spishi tofauti kabisa. Moshi nao huharibu hesabu: gesi ya salfa hudumaza kuvumwani, na foleni ya malori kwenye mpaka wa Tunduma haikosi moshi, kwa hiyo vipimo vichukuliwe mbali na mji. Anayetaka kujaribu asianzie relini, ambako ni hatari na kunahitaji kibali. Aanze na makaburi ya mawe yaliyochongwa tarehe, baada ya kuwaomba wenyewe ruhusa, akiwa na rula ya milimita na kioo cha kukuzia.