Kutoka Mtaa wa Jamii hadi Kikaango cha Wote: Vyakula vya Barabarani na Mitaa ya Kampala

Ikisiri

Makala haya yanaeleza namna vyakula vinavyouzwa barabarani jijini Kampala vinavyosaidia kuielewa mitaa ya jamii mbalimbali za jiji hilo na mahusiano baina yao. Hoja kuu ni kwamba chakula cha jamii moja hupita hatua tatu kabla ya kuwa cha wote: kwanza huuzwa na wenyewe kwa wenyewe, kisha huonjwa na majirani na wapita njia, mwishowe hupata wapishi wa jamii nyingine na jina lililozoeleka katika lugha ya mahali. Hatua ya pili hufanyika zaidi kando ya barabara, mahali ambapo hatua za utawala wa jiji zimeelekea kupafunga. Makala yanaonyesha vilevile kwamba sehemu kubwa ya msamiati wa safari hiyo ni ya Kiswahili, na yanatoa mapendekezo kwa watunga sera.

1.0 Utangulizi

Jioni katika mtaa wa Wandegeya, karibu na Chuo Kikuu cha Makerere, muuzaji huvunja mayai mawili ndani ya kikombe, akatia kitunguu, nyanya na kabichi zilizokatwa nyembamba, akakoroga na kumimina mchanganyiko juu ya kikaango bapa cha chuma. Yai likianza kushika, hulifunika kwa chapati, hugeuza, huviringisha na kumkabidhi mteja. Chakula hicho huitwa rolex, jina linalotokana na tamko la Kiingereza lenye maana ya mayai yaliyoviringishwa. Hakuna anayemuuliza muuzaji kabila lake, wala anayefikiri kwamba anakula chakula cha kigeni. Hata hivyo, chapati si chakula cha asili cha Buganda, na njia iliyoifikisha Wandegeya ni ndefu.

Utafiti kuhusu miji yenye jamii nyingi mara nyingi huanzia kwenye makazi, ajira au siasa. Chakula cha barabarani hutoa mlango mwingine. Huonyesha nani anaishi wapi, nani anamlisha nani, na ni mipaka ipi ya jamii inayovukwa kila siku bila mjadala. Kwa watunga sera, jambo hili lina uzito wa pekee, kwa kuwa wauzaji hao hao ndio wanaolengwa na operesheni za kusafisha jiji.

2.0 Mitaa ya Kampala Ilivyoundwa

Mwaka 1890 Lugard alijenga ngome juu ya kilima kinachoitwa leo Old Kampala, kando ya Mengo, makao ya Kabaka wa Buganda. Tangu hapo miji miwili ilikua bega kwa bega: manispaa ya serikali ya kikoloni, na Kibuga, mji mkuu wa Buganda uliokuwa chini ya utawala wa Mengo. Wazungu waliishi Nakasero na baadaye Kololo. Wafanyabiashara wa Kihindi walijikusanya katika maeneo ya maduka na Old Kampala. Waafrika wengi, pamoja na wahamiaji waliofuata kazi, waliishi nje ya mpaka wa manispaa. Kisenyi, uliokuwa ndani ya Kibuga, ulipokea wageni wa kila namna. Ndiyo sababu Aidan Southall na Peter Gutkind waliuchagua, pamoja na Mulago, katika uchunguzi wao wa maisha ya mjini katika miaka ya 1950.

Baada ya uhuru ramani hiyo ilibadilika kwa mishtuko. Mwaka 1972 Idi Amin aliwapa Waasia siku 90 kuondoka nchini. Vita vya kaskazini, vilivyoanza katika nusu ya pili ya miaka ya 1980, viliwaleta Waacholi katika eneo linaloitwa Acholi Quarters, upande wa Kireka, ukingoni mwa jiji. Kuanguka kwa serikali ya Somalia mwaka 1991 kuliongeza idadi ya Wasomali wa Kisenyi. Waeritrea na Waethiopia waliweka makazi na biashara Kabalagala na Kansanga, nao Wakongo kutoka mikoa ya mashariki wakajikusanya Katwe, Nsambya na Makindye. Sheria ya Wakimbizi ya mwaka 2006, inayowaruhusu wakimbizi kufanya kazi na kwenda huku na huko nchini, iliwapa wengi wao nafasi ya kutafuta riziki mjini badala ya kubaki kwenye makazi ya vijijini.

3.0 Hatua Tatu za Safari ya Chakula

3.1 Chakula cha wenyewe kwa wenyewe

Katika hatua ya kwanza, chakula hupikwa kwa ajili ya watu wanaokijua. Malakwang, mboga chachu inayopikwa kwa siagi ya karanga au ya ufuta, huliwa Acholi Quarters na watu waliokua nayo. Sombe, yaani kisamvu kama kinavyoitwa na Wakongo wa mashariki, hupikwa Katwe kwa ajili ya wale wanaoona kwamba bugali pasipo sombe ni mlo uliopungua. Mpishi hahitaji kutangaza wala kufafanua. Chakula hapa hufanya kazi ya kumbukumbu, na vilevile huwa chanzo cha mtaji mdogo kwa mwanamke aliyefika mjini bila ardhi wala cheti.

3.2 Chakula cha mpaka

Katika hatua ya pili, jirani huonja. Kisenyi ni mfano mzuri. Mtaa huo una biashara nyingi na mabasi ya safari ndefu, hivyo hupitiwa na watu wasio na uhusiano wowote na Somalia. Wali wenye viungo na nyama ya mbuzi, unaoletwa na ndizi mbivu pembeni, na tambi zilizoingia katika mapishi ya Kisomali wakati wa ukoloni wa Italia, huliwa na Wasomali pamoja na madereva, wachukuzi na wasafiri. Mteja mgeni hujifunza kwa kutazama: ndizi huliwa pamoja na wali, haisubiri mlo uishe. Bado anajua kwamba amekula chakula cha Wasomali, lakini atarudi.

Waganda wenyewe wana mahali pao pa mpaka. Soko la jioni la kando ya barabara, ambako samaki wa kukaanga, mihogo na matooke hupangwa chini na kumulikwa kwa taa, huitwa kwa Luganda tonninyira mu kange, yaani “usinikanyagie changu”. Jina hilo laeleza hali yote: chakula kiko chini, wapita njia ni wengi, na nafasi ni finyu. Katika msimu wa nsenene, hasa mwezi Novemba, panzi hao huuzwa kwa vipimo vidogo kwa yeyote apitaye. Wageni wengi huwaonja hapo kwa mara ya kwanza, ilhali Waganda wa ukoo wa Nsenene hawawali, kwa kuwa ndio mwiko wao. Hivyo chakula kinachodhaniwa kuwa cha Waganda wote kina mpaka ndani ya Buganda yenyewe.

3.3 Chakula cha wote

Chapati imemaliza safari. Ilifika pwani pamoja na Wahindi na kuingia bara kwa nguvu zaidi baada ya ujenzi wa reli ya Uganda, iliyojengwa kati ya mwaka 1896 na 1901 kwa kazi ya vibarua takriban 32,000 kutoka Bara Hindi. Walioletwa na mkataba wengi walirudi kwao. Waliobaki, pamoja na wafanyabiashara waliowafuata, walieneza maduka na mapishi. Waasia walipofukuzwa mwaka 1972, chapati haikuondoka nao. Mikono ya Waafrika ilikuwa imekwisha kuijua.

Kutokana na chapati hiyo vikazaliwa vyakula visivyotoka India. Rolex, ambayo kwa kawaida husimuliwa kuwa ilianzia Busoga kabla ya kustawi Wandegeya, ni kimoja. Kingine ni kikomando: chapati iliyokatwa vipande na kuchanganywa na maharagwe, mlo wa mwanafunzi na kibarua. Tangu mwaka 2016 rolex imefanyiwa tamasha lake Kampala na kutangazwa kwa watalii kama chakula cha Uganda. Kilichokuwa cha mgeni kimekuwa kitambulisho cha taifa.

4.0 Kwa Nini Baadhi ya Vyakula Huvuka na Vingine Hubaki

Si kila chakula hufika hatua ya tatu. Ulinganisho wa injera na sambusa unaonyesha sababu. Injera ya Kabalagala hutengenezwa kwa unga uliochachushwa kwa siku kadhaa, huhitaji kikaango kipana, na huliwa na kundi lililozunguka sinia moja lenye michuzi mbalimbali. Hayo yanahitaji chumba, meza na muda. Kwa hiyo injera imepata wateja wasio Wahabeshi, lakini imebaki mkahawani. Sambusa hukaangwa katika karai moja juu ya sigiri, hushikwa kwa vidole viwili na kuliwa kwa miguu.

Masharti ya kuvuka, basi, yanaweza kufupishwa hivi: chakula kipikike kwa chombo kimoja cha moto, viungo vyake vipatikane katika masoko ya kawaida kama Nakasero au Owino, kiliwe kwa kusimama, bei yake imfae mtu anayelipwa kwa siku, na jina lake litamkike kwa urahisi. Sharti moja zaidi hubeba yote hayo, nalo ni kuwapo kwa mahali ambapo mpishi wa jamii moja na mlaji wa jamii nyingine hukutana bila mwaliko. Mkahawa una mlango, na mlango humfanya mgeni asite. Ukingo wa barabara hauna mlango.

5.0 Lugha ya Kikaango

Historia ya Kiswahili nchini Uganda ni historia ya mivutano. Mwishoni mwa miaka ya 1920 mpango wa serikali ya kikoloni wa kukipa Kiswahili nafasi kubwa katika elimu na utawala ulipingwa vikali na Kabaka Daudi Chwa. Amri ya Amin ya mwaka 1973 iliyokitangaza kuwa lugha ya taifa ilizidi kukihusisha na jeshi. Marekebisho ya Katiba ya mwaka 2005 yalikifanya lugha rasmi ya pili, na mwezi Julai 2022 Baraza la Mawaziri liliamua kifundishwe kwa lazima shuleni. Utekelezaji umekwenda polepole.

Wakati mjadala huo ukiendelea, Kiswahili kilikuwa kimekwisha kuketi jikoni. Nyama ya kuchomwa Kampala ni muchomo; mchele ni omuceere; saladi ya nyanya na vitunguu ni kachumbali, kwa matamshi ya Luganda; wali wa viungo ni pilawo. Mandazi na chapati hazikuhitaji kubadilika. Maneno haya hayakuletwa na amri yoyote. Yalifuata bidhaa na wapishi katika njia ya biashara kutoka pwani, yakapokelewa kwa sababu yalikuja na kitu cha kuliwa.

Jambo hili lina faida ya sasa. Mkongo aliyetoka Kivu huja Kampala akijua Kiswahili lakini hajui Luganda. Msomali aliyepitia Kenya mara nyingi huwa na Kiswahili kiasi. Katika biashara ya chakula, maneno ya pamoja ya bidhaa, bei na mapishi tayari yapo, na mengi kati yake ni ya Kiswahili. Kwa mzungumzaji wa Luganda anayesema hajui Kiswahili, msamiati huo ni hazina ambayo mwalimu anaweza kuanza nayo.

6.0 Sera na Ukingo wa Barabara

Mamlaka ya Jiji la Kampala (KCCA), iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2010 na kuanza kazi mwaka 2011, imekuwa ikiwaondoa wauzaji wasio na vibali mara kwa mara. Operesheni kubwa ilifanyika mwezi Januari 2022, na wauzaji wakaelekezwa kuhamia kwenye masoko rasmi. Hoja za mamlaka haziwezi kupuuzwa: njia za miguu huzibwa, maji safi hayapo, mafuta hurudiwa mara nyingi, na mifuko ya plastiki huziba mitaro. Hata hivyo, soko rasmi haliwezi kuwa mbadala kamili. Muuzaji wa rolex hutegemea mtu anayepita akitoka kazini. Akipelekwa ghorofa ya pili ya soko, mteja huyo hatapanda kumfuata. Anayeumia kwanza ni yule asiye na akiba ya siku mbili.

Serikali yenyewe imewahi kukiri uzito wa wauzaji hawa. Mwezi Machi 2020, wakati wa janga la korona, biashara zisizo za chakula zilifungwa masokoni, lakini wauzaji wa chakula waliruhusiwa kuendelea kwa sharti la kulala huko huko. Jiji lililowaona kuwa kero liliwategemea ili lile.

Mambo manne yanaweza kufikiriwa. Kwanza, vibali vya saa vitolewe kwa maeneo yenye tonninyira mu kange, ili barabara iwe ya magari mchana na sehemu yake iwe ya chakula jioni. Pili, mabomba ya maji na mapipa ya taka yawekwe pale wauzaji walipo tayari. Singapore iliwaandikisha wachuuzi wake mwishoni mwa miaka ya 1960 na kuwahamishia, hadi katikati ya miaka ya 1980, kwenye vituo vyenye maji na mitaro karibu na makazi. Mwaka 2020 UNESCO iliuingiza utamaduni huo katika orodha ya urithi usioshikika. Tatu, mafunzo ya usafi wa chakula yatolewe kwa Luganda na kwa Kiswahili, ili mkimbizi asiachwe nje kwa sababu ya lugha. Nne, kwa kuwa Uganda iliridhia mwaka 2009 Mkataba wa UNESCO wa Kulinda Urithi wa Utamaduni Usioshikika, mapishi ya barabarani yaorodheshwe pamoja na mapishi ya makabila, yakiwemo ya jamii za wakimbizi.

7.0 Hitimisho

Makala yameonyesha kwamba mitaa ya jamii mbalimbali Kampala haikutengana kama inavyoonekana kwenye ramani. Chakula huianzisha safari ndani ya jamii, hukutana na wengine kando ya barabara, na mara nyingine huishia kuwa cha wote. Chapati ilichukua vizazi kadhaa. Wali wa Kisenyi uko njiani. Malakwang na sombe ndiyo kwanza zinaanza. Hakuna sera inayoweza kuamuru jamii zipendane vyakula, lakini sera inaweza kupaondoa mahali zinapoonjana. Tafiti zijazo zinaweza kulinganisha safari hizi na za Buyenzi jijini Bujumbura na Nyamirambo jijini Kigali, mitaa ambayo Kiswahili na biashara ya chakula vimeishi pamoja kwa muda mrefu.