Nomcebo Zikode: Sauti ya 'Jerusalema' iliyodai haki yake

HUENDA wengi waliocheza densi ya Jerusalema mwaka wa 2020, barakoa zikiwa usoni, katika nyua za hospitali na kwenye hafla za harusi, hawakujua jina la mwanamke waliyekuwa wakimsikiliza. Jina lililokuwa vinywani mwa watu ni la Master KG, mtayarishaji wa mdundo. Ilhali aliyeimba wimbo huo kwa Kizulu, tangu mwanzo hadi mwisho, ni Bi Nomcebo Zikode.

Bi Zikode alizaliwa mwaka wa 1985 Hammarsdale, katika mkoa wa KwaZulu-Natal nchini Afrika Kusini. Kwa zaidi ya miaka kumi riziki yake ilitokana na uitikiaji: alisimama nyuma ya wanamuziki mashuhuri wa nyimbo za injili, miongoni mwao Deborah Fraser na marehemu Lundi Tyamara. Mwitikiaji hulipwa kwa siku ya kazi, na wimbo ukivuma yeye havumi nao. Hatua yake ya kwanza kuelekea mbele ya jukwaa ilikuwa Emazulwini, kibao cha DJ Ganyani kilichotamba Afrika Kusini. Hapo mashabiki wa muziki wa house waliifahamu sauti yake, ingawa wimbo wenyewe ulijulikana kuwa wa DJ.

Mtindo huo wa kutaja majina una historia ndefu. Muziki wa house ulichipuka Chicago, Marekani, mwanzoni mwa miaka ya themanini, katika vilabu ambako bingwa alikuwa yule anayechezesha santuri. Mwimbaji aliitwa kutia sauti, kisha akaenda zake. Mwaka wa 1990 sauti ya Bi Martha Wash ilisikika katika vibao vya makundi ya Black Box na C+C Music Factory, lakini kwenye video walionekana wanawake wengine wembamba wakijifanya kuimba. Ilimbidi aende mahakamani ndipo atambuliwe.

Afrika Kusini iliupokea muziki huo ikaufanya wake, na Master KG, ambaye jina lake halisi ni Kgaogelo Moagi, ni wa kizazi kilichokulia ndani yake. Anatoka Limpopo, kaskazini mwa nchi hiyo. Mwishoni mwa mwaka wa 2019 wawili hao walitoa Jerusalema. Maneno yake ni sala ya mtu anayeomba apelekwe nyumbani, Jerusalemu, asiachwe nyuma. Si jambo la kawaida sala kuchezwa katika kilabu cha usiku, lakini sauti ya Bi Zikode, nzito na isiyo na haraka, iliufanya wimbo huo ufae mahali pote pawili.

Februari 2020, kundi la Fenómenos do Semba la Luanda, Angola, lilisambaza video ya vijana wakicheza wimbo huo huku sahani za chakula zikiwa mikononi. Mwezi uliofuata mataifa yalianza kufunga mipaka. Wauguzi, watawa na askari wa Ulaya wakaiga hatua zile zile. Juni mwaka huo Burna Boy wa Nigeria alishirikishwa katika toleo jipya, na Septemba Rais Cyril Ramaphosa akawahimiza wananchi wake waucheze Siku ya Turathi. Katika YouTube umetazamwa zaidi ya mara milioni 500.

Fedha nazo zilianza kudaiwa. Mwanzoni mwa mwaka wa 2021 ilibainika kwamba kampuni ya Warner Music ilikuwa ikidai malipo kutoka kwa taasisi za Ujerumani zilizotumia wimbo huo katika video zao. Wizara ya Mambo ya Ndani ya jimbo la North Rhine-Westphalia ilikubali kulipia video zilizochezwa na polisi wake. Kisheria hapakuwa na ajabu, kwani kuuweka wimbo wa mtu juu ya picha kunahitaji leseni hata kama nia ni kuliwaza wagonjwa.

Lakini Julai mwaka huo huo Bi Zikode alitangaza katika mitandao ya kijamii kwamba hakuwa amepokea hata senti moja kutoka kwa kampuni ya kurekodi kwa ajili ya Jerusalema, na kwamba mawakili wake walikuwa wakilishughulikia suala hilo. Master KG naye alijibu hadharani kwamba walikosa kuafikiana kuhusu asilimia ya kila mmoja.

Je, yawezekanaje askari wa Ujerumani walipe, na mwimbaji aseme hajaona kitu? Wimbo mmoja huzaa mali za aina mbili. Kuna utunzi, yaani maneno na lahani, ambao mirabaha yake hukusanywa na vyama kama SAMRO cha Afrika Kusini, kazi ambayo hapa kwetu ilifanywa kwa miaka mingi na MCSK. Kisha kuna rekodi yenyewe, ambayo kwa kawaida humilikiwa na kampuni. Mapato ya mtandaoni na ya leseni za rekodi hupitia kwa kampuni kwanza, na mwimbaji hupata kile tu ambacho mkataba umemwandikia. Mgao usipoafikiwa mapema, hubishaniwa fedha zikiwa tayari zimeingia, na anayezishika hana haraka. Wanamuziki wetu hawahitaji kuelezwa zaidi.

Bi Zikode hakungoja mzozo umalizike ndipo aendelee na kazi. Tayari alikuwa ametoa albamu yake, Xola Moya Wam', mwaka wa 2020. Baadaye aliungana na mpiga filimbi Wouter Kellerman na Zakes Bantwini, mwanamuziki wa house kutoka Durban, wakarekodi Bayethe, neno ambalo Wazulu hulitumia kumwamkia mfalme.

Mnamo Februari 5, 2023, jijini Los Angeles, Bayethe ulishinda tuzo ya Grammy katika kitengo cha utumbuizaji bora wa muziki wa kimataifa. Miongoni mwa walioshindwa walikuwemo Burna Boy yule yule wa toleo jipya la Jerusalema, na Eddy Kenzo wa Uganda, aliyeteuliwa pamoja na Matt B wa Marekani. Wenye Bayethe wametajwa watatu kwa usawa: Kellerman, Bantwini na Zikode. Hakuna aliyeandikwa kuwa ameshirikishwa.