Louis Malle, Mfaransa asiyetulia mahali pamoja

Ukitaja sinema ya Ufaransa, watu watakwambia Godard na Truffaut, basi. Mimi huuliza, na Louis Malle je? Tatizo lake hakuwa na mtindo mmoja, na wahakiki hawampendi mtu wa namna hiyo.

Alizaliwa 1932, familia ya matajiri wa sukari. Kazi aliianzia chini ya maji, si mzaha: aliongoza na Cousteau filamu ya Le Monde du silence, iliyochukua tuzo kuu ya Cannes 1956, kijana ana miaka 23 tu. (Sehemu yake ilipigwa Shelisheli, bahari yetu hii hii.) 1958 akatoa hadithi ya mauaji, Ascenseur pour l'échafaud, Miles Davis akipiga tarumbeta huku anatazama picha. 1960 kichekesho, Zazie dans le métro.

Lakini kwangu mimi kazi yake nzito ni ya televisheni: L'Inde fantôme, 1969, sehemu saba. Alikwenda India na watu wawili tu, mpiga picha na mtu wa sauti. BBC ilipoionyesha 1970, serikali ya India ilikasirika, ati ameonyesha umaskini mtupu, ikafunga ofisi ya BBC ya Delhi. Hapo ndipo penye ubishi. Malle mwenyewe anasema ndani ya filamu kwamba yeye ni mgeni haelewi, na wanakijiji wanaomkodolea macho hakuwakata, kawaacha wamtazame. Kukiri hakutoshi, manake mkasi ulibaki mkononi mwake. Hata hivyo, hao waliokuja kutupiga picha sisi, wangapi walikiri hata hilo?

Baadaye alihamia Marekani, na 1986 akatengeneza kwa ajili ya televisheni And the Pursuit of Happiness, juu ya wahamiaji kama sisi. Safari hii mgeni anawauliza wageni wenzake, na sauti yake inasikika tofauti kabisa, haina wasiwasi ule wa India.

Mwaka uliofuata akarudi kwao na Au revoir les enfants. Januari 1944, akiwa na miaka 11, aliwaona Gestapo wakiwachukua shuleni kwake wanafunzi watatu Wayahudi pamoja na padri mkuu wa shule aliyewaficha. Watoto waliuawa Auschwitz. Ilimchukua zaidi ya miaka 40 kuipiga filamu hiyo. Ikapata Simba wa Dhahabu wa Venice.

Alifariki 1995. Asiyemjua aanzie hiyo ya shule, kisha ile ya India. Viva Maria! mnaweza kuiruka.